Miaka Niliyokula Mbele ya Kamera

Siku yangu ya kwanza kazini nilikosea kabla sijatia tonge mdomoni. Ilikuwa Jumapili mchana, kando ya bwawa la kuogelea la hoteli moja ya Diani ambayo sina haja ya kuitaja, maana siku hizi hata lango lake limeota majani. Nilikuwa nimeajiriwa hapo kuosha sufuria. Kulipangwa mashindano ya kula chapati kati ya watalii na wafanyakazi, na mpishi mkuu, aliyekuwa ameshaniona nikila jikoni na kutikisa kichwa, akanisukuma mbele. Nikanawa mikono, nikaketi. Nikainua uso, nikaona watu wamenizunguka pande zote wananitazama, na kinywa changu kikafanya kile kilichofundishwa tangu utotoni. Nikasema, "Karibuni."

Mama mmoja wa Kijerumani, ambaye neno hilo alikuwa amelijua tangu uwanja wa ndege, akasogea akachukua chapati kwenye rundo langu. Mwingine akamfuata. Hesabu ikaharibika, ikabidi tuanze upya.

Mkuu wa burudani alinivuta pembeni. Alikuwa kijana wa kutoka bara, aliyepewa kazi ya kuwachangamsha wageni kwa ngoma, mpira wa majini na vituko vya kila namna. "Manze, unafanya nini?" akaniuliza. "Hii ni kompetisheni. Hapa hakuna karibu. Ukiongea unapoteza taimu, na ukimkaribisha mtu nakutoa. Umeskia?"

"Nimesikia, bosi."

Nilisikia, lakini nilikuwa naona haya. Sisi wa upande wa Kinango hatuli huku tunatazamwa. Mtu akitokea ukiwa na chakula, hata kikiwa kiporo cha kukutosha wewe peke yako, unamwambia karibu. Naye akiwa hataki hujibu starehe, yaani endelea, usisumbuke kwa ajili yangu, akapita zake. Mara nyingi anayekaribishwa hali, na anayekaribisha anajua kwamba hatakula. Lakini asiyesema neno hilo huwa amemfanya mwenzake mdoezi, na mdoezi kwetu hana tofauti kubwa na mwizi. Siku ile nilifunga mdomo kwa maneno nikaufungua kwa chapati, nikawashinda wote. Nilikuwa mwembamba, ninao wembamba huo hadi leo, na wageni walipiga makofi huku wakitafuta chakula kimekwenda wapi. Wembamba wa reli, garimoshi hupita.

Hivyo ndivyo nilivyotoka kwenye sufuria nikaingia kwenye kazi ya kula. Nyinyi vijana mtacheka, lakini ilikuwa kazi na ilikuwa na ufundi wake. Siku moja kabla ya mashindano huli, unakunywa maji mengi ili tumbo lizoee kutanuka. Chapati unailoweka kwenye maji ya vuguvugu, unaikunja, unaimeza kabla haijasambaratika. Yai la kuchemsha ni la kutafuna mara mbili tu, ukizidisha linakauka mdomoni. Ugali ndio adui mkubwa, kwa sababu unaendelea kuvimba baada ya kufika tumboni. Katikati ya raundi unasimama, unajitikisa, chakula kinashuka. Hilo tuliliita kushindilia. Na usicheke kamwe, hata mtu akijikwaa akaanguka bwawani mbele yako, kwa sababu ukicheka unaweza kurudisha ulichokula, na aliyerudisha ameshindwa hata kama alikuwa anaongoza. Mkuu wa burudani akanipa jina la Ghala. Akanishonea na fulana.

Nyumbani nilikokuwa nikirudi kila nipatapo likizo alikuwapo kaka yangu Mbita. Baba yetu alifariki nikiwa bado mdogo, na Mbita ndiye aliyenilea, akauza mbuzi wake mnadani Kinango ili mimi nivae viatu vya shule. Alikuwa mtu mrefu, mpole, mwenye maneno machache na mzaha wa chini chini. Nikifika, tulikula sinia moja, mimi kuliani kwake. Kabla ya kuanza alikuwa akichora mstari kwa kidole katikati ya ugali. "Huu ni mpaka," husema. "Bwana Ghala akiuvuka, namshtaki kwa chifu." Halafu yeye mwenyewe ndiye aliyeuvuka, akisukuma minofu upande wangu. Nimekula kwenye meza nyingi maishani, zenye vitambaa vyeupe na maua. Sikuwahi kushiba popote kama pale.

Filamu ya kwanza ilinikuta Diani, mwaka wa pili au wa tatu wa kazi hiyo. Walikuja watu wa Ulaya kupiga filamu ya hali halisi, yaani ile isiyo na waigizaji, inayoonyesha watu kama walivyo na mambo kama yalivyo. Ndivyo tulivyoelezwa. Mkubwa wao, anayeitwa mwongozaji, alikuwa mama wa makamo mwenye nywele za mvi na sauti ya chini. Kiswahili chake kilikuwa cha salamu tu, kwa hiyo mkuu wa burudani akawa mkalimani wake.

Nikagundua mapema kwamba kula mbele ya kamera si sawa na kula mbele ya watu. Kwenye mashindano unashindana na saa. Kwenye filamu unashindana na jua, kwa kuwa mwanga ukibadilika kila kitu kinasimama, hata tonge likiwa njiani. Kila jaribio linaitwa teki, na kila teki inataka sahani mpya iliyojaa sawasawa na ile ya kwanza, ili mtazamaji asione kwamba chakula kimepungua halafu kimeongezeka. Wenzangu walidhani nafanya mzaha nilipowaambia kwamba chapati moja ya kwenye filamu ni chapati sita za tumboni. Mama mwongozaji hakutaka mbio zangu. Alitaka uso. Mpiga picha alinikaribia mpaka nikasikia pumzi yake, na mama yule alikuwa akirudia neno moja ambalo mkuu wa burudani alinitafsiria: "Polepole, Ghala. Anataka kuona unavyomeza."

Filamu ya pili tuliipiga kisiwani Funzi. Tulivushwa kwa boti ya injini, nikaketishwa mchangani na lundo la kaa, nikala hadi midomo ikachanika kwa magamba. Wavuvi wa pale walisimama mbali wakitazama, na mmoja wao, mzee wa heshima, nilimwamkia. Aliitikia marahaba, kisha akasimama kidogo, akingojea. Nilijua anangojea nini. Nikamtazama mkuu wa burudani, naye akaweka kidole mdomoni, maana kipaza sauti kilikuwa kimebanwa ndani ya shati langu. Mzee akageuka akaenda zake. Nilimfikiria mzee huyo safari nzima ya kurudi, halafu nikamsahau.

Wakati huo mambo ya pwani yalikuwa yanaharibika. Zilikuja zile fujo za kabla ya uchaguzi, watalii wakakatika. Ikaja El Nino ikazoa madaraja na mahindi, na ilipoondoka ikaondoka na mvua zote, ikatuachia kiangazi kilichowatandika watu wa Kinango bila huruma. Ng'ombe wa Mbita walikufa mmoja mmoja. Nilipeleka unga nilipoweza, lakini hoteli yenyewe ilikuwa imetupunguza, na mimi nilikuwa nimebakizwa kama bango la zamani ambalo hakuna aliyekumbuka kuliondoa. Mkuu wa burudani alikuwa akiburudisha viti vitupu. Basi mama mwongozaji alipotokea kwa mara ya tatu, akasema anapiga filamu kuhusu chakula katika wilaya yetu, tulimpokea kwa mikono miwili.

Kwangu walipiga siku moja tu. Waliniketisha katika ukumbi wa kulia wa hoteli, meza imejaa kuku wa kupaka, chapati na wali. Hapakuwa na mtu mwingine humo. Nikala kama kawaida. Kisha mama akanong'ona jambo, na mkuu wa burudani akasema, "Ghala, anataka uinue macho kidogo. Kama kuna mtu amesimama pale mlangoni. Umwangalie, halafu urudi kwa sahani, uendelee kula."

"Mtu gani?"

"Hakuna mtu, bro. Ni mtu wa kufikiria tu. Usiseme kitu."

Nikainua macho, nikautazama mlango mtupu, nikarudi kwenye kuku. Teki tatu. Mama akaniwekea mkono begani, akasema asante kwa Kiswahili chake kile.

Kutoka hapo wakaenda Kinango, mimi sikuwapo. Walipiga picha mnada usio na mifugo, mabwawa yaliyokauka na foleni ya mahindi ya msaada. Katika foleni ile alikuwapo kaka yangu, amesimama na gunia lake tupu mkononi. Walimpenda kwa urefu wake, nadhani, na kwa uso wake. Hawakujua kwamba ni ndugu yangu. Hilo nililiamini wakati ule, nami nimekaa nalo miaka yote hii na bado naliamini.

Miezi ilipita. Kisha mama mwongozaji akarudi na kanda, kwa sababu alikuwa mtu muungwana na aliona si haki watu kupigwa picha wasijione. Ukumbi wa kanisa pale Kinango ukafungwa madirisha kwa magunia ili kuingie giza la mchana, televisheni ikawekwa juu ya meza, jenereta ikaunguruma nje. Waliingia wote, Waislamu na Wakristo na wasio na dini, wazee wakapewa mabenchi ya mbele. Mimi niliketi na Mbita. Alikuwa amevaa kanzu yake ya Idi. "Leo tutaona nani kati yetu ana sura ya sinema," akanichokoza.

Watu walishangilia kila walipomwona mtu wanayemjua. Foleni ya mahindi ilipotokea, wakataja majina. Mbita akatokea, uso wake umejaa kioo kizima. Alikuwa amekonda kuliko nilivyokumbuka. Akageuza macho taratibu, akakodoa, akameza mate, koo likapanda na kushuka.

Picha iliyofuata ilikuwa mimi.

Nilikuwa naguguna paja la kuku. Mchuzi ulikuwa umenifika kwenye kidevu. Nikainua macho, nikatazama mbele, kana kwamba nimemwona aliyesimama pale. Kisha nikarudi kwenye sahani nikaendelea kula. Ikarudi picha ya Mbita, bado ametoa macho. Ikarudi yangu, sasa navunja chapati.

Niliisikia jenereta peke yake. Kisha bibi mmoja wa mtaa wetu, ambaye hakuwahi kuona televisheni kabla ya siku ile, akaniita kwa jina langu la nyumbani, kwa sauti ya mshangao wa kweli, si ya ugomvi, "Tsuma, hata karibu hukumpa? Kaka yako?"

Nikasimama. Nikawaambia ile ilikuwa Diani, na ile nyingine Kinango, siku nyingine kabisa, na kwamba watu wa filamu hukata vipande wakaviunga kama fundi nguo. Nilisema mbele yangu ulikuwapo mlango tu. Nilieleza vizuri, kwa ustadi wa kazi. Mzee mmoja akanijibu, "Tumeona kwa macho yetu, mwanangu," akanionea huruma, na huruma yake ndiyo iliyonimaliza. Nilipogeuka, mahali pa Mbita kwenye benchi palikuwa patupu.

Nilimkuta mama mwongozaji kando ya gari lake, macho mekundu. Alikuwa ameona kilichotokea bila kukielewa. Nikamwomba mkuu wa burudani atafsiri neno kwa neno, asipunguze.

"Mwambie yule ni kaka yangu. Aliyenilea. Mwambie akiondoe kipande hicho."

Wakasemezana. Mama alishika mdomo kwa kiganja. Kisha akasema mambo marefu, na mkuu wa burudani akayafupisha kwa sauti ya chini ambayo sikuwahi kuisikia kwake. "Anasema hakujua. Anakuomba msamaha. Lakini kipande hicho ndicho filamu yenyewe. Kule kwao watu wanalia wakifika hapo, halafu wanatoa michango. Na kanda tayari zimeshasambaa."

"Basi asikiondoe. Anitie sauti tu. Kipaza sauti anacho hapo. Niseme karibu, neno moja, aliweke pale ninapoinua macho. Si amesema hii ni hali halisi? Hali halisi ni kwamba ningemkaribisha."

Nilimwona mama yule akilifikiria. Sitamdhulumu, alilifikiria kweli. Akatikisa kichwa, na safari hii alisema mwenyewe, kwa vipande vya Kiswahili alivyokuwa navyo. "Ghala. Wewe ukisema karibu, watu hapana lia."

Mkuu wa burudani akatazama chini. Gari likaondoka. Yeye akabaki, akatembea nami hadi njia panda, na tulipoachana akanipa mkono kwa mikono miwili, kama wafanyavyo watu msibani.

Kwa Mbita nilikwenda asubuhi yake. Alikuwa ameketi barazani.

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba. Keti."

Nikaketi. Nikaanza habari za kukata na kuunga, akanikatiza kwa mkono.

"Nilikuwa natazama lori," akasema. "Tuliambiwa lori la mahindi linakuja, mimi mrefu nikalichungulia kwa niaba ya wenzangu. Niliona vumbi lake."

"Najua, kaka."

"Wewe unajua. Mimi najua. Watoto wangu wamejua nini? Walikuwa wameketi nyuma yetu, Tsuma. Wamemwona baba yao akimezea mate chakula cha mdogo wake."

Nikamwambia basi tule pamoja, siku ile ile, hapo hapo barazani watu wote wapitao waone. Nilikuwa nimekuja na unga na kuku. Shemeji yangu alikuwa ameshaweka maji motoni.

Mbita alicheka kidogo, kicheko kisichofika machoni. "Tukila sinia moja leo, watasema ndio kwanza nimekaribishwa. Watasema nilingoja mpaka nikakaribishwa." Akamwita mkewe. "Mpakulie Tsuma chakula chake. Mimi nimeshiba." Hakuwa amekula tangu jana yake. Kisha akageuza kigoda chake, akanipa mgongo, akawa anatazama zizi ambalo halikuwa na ng'ombe. Nililetewa sahani ya peke yangu. Mgeni ndiye hupewa sahani ya peke yake.

Kazi niliiacha mwezi ule ule. Hoteli haikunisihi nibaki. Mkuu wa burudani alirudi kwao bara, na sikupata habari zake tena. Nilifanya vibarua Ukunda, nikachimba mawe, nikabeba mizigo Lunga Lunga kwenye malori ya mpakani, na kila nilipokula na wenzangu nilitangulia kusema karibu hata kwa watu walioko ng'ambo ya barabara, hadi nikachekwa. Tumbo lililotanuliwa halirudi lilivyokuwa. Nilikuwa na njaa kila saa, na sukari ikaja kuniingia kwenye damu. Daktari amenipangia ugali wa kujaa kiganja, mboga nyingi, chumvi kidogo. Vijana wa kwetu wakinisikia na masharti hayo hukumbushana jina la Ghala wakacheka, nami huwaacha wacheke.

Wapo wanaoniuliza kama kazi ile ilikuwa nzuri. Ilikuwa na sifa, na makofi yalinipendeza, siwezi kukana. Nikiulizwa ushauri na anayetaka kupigwa filamu, na siku hizi kila mwenye simu ni mpiga filamu, humwambia jambo moja tu la kitaalamu: mpiga filamu akikwambia utazame mahali pasipo na mtu, muulize atamweka nani pale. Wananiitikia ndiyo mzee, wanaendelea na simu zao.

Nimerudi nyumbani moja kwa moja. Nyumba yangu na ya Mbita zinatazamana, uwanja katikati, hatua chache za mzee. Hatukugombana hata siku moja. Tumezika pamoja, tumeoza watoto pamoja, akiugua mimi ndiye ninayempeleka hospitali Msambweni, na huko njiani hunishika mkono kwa sababu macho yake yamefunikwa na ukungu, haoni tena zaidi ya kivuli. Tunazungumza kutwa. Kwenye shughuli watu husogeza masinia, wakahakikisha hatuketi kwenye sinia moja, na wengi wao ni vijana ambao hawajui hata sababu.

Mchana mkwe wangu huniletea chakula barazani. Mbita huwa amekaa upande wake, uso umenielekea, macho hayaoni kitu. Akisikia sahani ikiwekwa mezani, huinuka nusu, akakigeuza kigoda, akanipa mgongo.

Huwa sigusi tonge kabla ya kusema.

"Karibu, kaka."

"Starehe," hunijibu, akiwa ameelekea zizini.

Ndipo nala.